Gazeti la Mama

Kaka,

Shikamoo. Mama ninyi mlimpoteza miezi kumi na minne iliyopita. Mimi nilimpoteza Jumanne ya wiki jana, saa kumi na dakika ishirini jioni, nikiwa nimechuchumaa kati ya wanaume mia moja na kumi na wawili. Tofauti hiyo ya miezi kumi na minne ndiyo inayonifanya nikuandikie. Utaniwia radhi kwa mwandiko, naandikia gotini.

Habari za hapo? Shemeji hajambo? Na watoto, yule wa mwisho ameshaanza kutembea au bado anajiburuza kwa makalio kama ulivyokuwa wewe? Mgongo wako je? Mimi mwili upo, isipokuwa usingizi, na kwa sasa harufu. Afande unayepitia barua hii, salamu kwako pia. Humu hamna siri ya gereza wala mpango wa kuruka ukuta, ni mambo ya familia, kwa hiyo nakuomba usikate mstari.

Barua yako nimeihesabu, Kaka. Ukiacha salamu, ina mistari kumi na mmoja. Minne inasema Mama alifariki mwanzoni mwa mwezi wa tano mwaka jana, kwamba hakuteseka, na kwamba mliona msinisumbue. Saba inauliza ufunguo wa stoo yenye mashine yangu ya kuchomelea uko wapi. Nianze na hiyo saba maana ni myepesi. Ufunguo uko ndani ya kopo la rangi ya kijivu, chini ya zile elektrodi zilizolowa. Chukua mashine utumie, sikuwekei sharti. Ila waya mweusi umechunika karibu na koleo, uufunge tepu kabla haujakurusha.

Sasa hiyo minne. Msinisumbue! Kaka, nisumbuke niache shughuli gani?

Ninachotaka kukijua ni kimoja na nakiandika mapema usije ukasema hukukiona. Je, ulimsomea Mama barua zangu? Nilimwandikia arobaini na tano, moja kila mwezi, tangu nilipomaliza miezi mitatu humu. Kumi na nne, sasa najua, nilimwandikia maiti. Zimebaki thelathini na moja alizozikuta hai. Mama hakujua kusoma, wewe ndiye uliyekuwa macho yake. Tulikubaliana hivyo, mimi na wewe, nimeshashika mlango wa karandinga, na ukaniitikia kwa kichwa. Tangu hapo nimepata kutoka kwako bahasha moja ya mwanzo, na hii ya ufunguo.

Ili uelewe kwa nini nakubana, lazima nikueleze tunavyoishi. Humu mwaka hauitwi mwaka, unaitwa mvua. Mimi nilipigwa mvua sita, na kwa tabia njema nanyeshewa nne. Miezi ya mwisho wanaiita mkia, kwa sababu ya yule aliyemla ng'ombe mzima akashindwa na mkia, na kweli ndiyo inayowashinda wengi: mtu anabakiza wiki tatu, anapigana kwa ajili ya kipande cha sabuni. Nje ya ukuta ni uraiani. Anayewapelekea maafande maneno ni mchomaji, na wewe unaijua kazi yangu, kwa hiyo siku ya kwanza niliposema mimi ni fundi wa kuchomelea, chumba kizima kiligeuka kunitazama mpaka nyapara, mfungwa mwenzetu anayetusimamia, akauliza nachomelea vyuma au nachomelea watu. Walipocheka ndipo nikapata jina la Cheche.

Chumba kilijengwa kwa ajili ya watu arobaini. Mgeni analala debeni, yaani kando ya ndoo ya haja, na anasogea kadiri wa mbele yake wanavyotoka. Katikati mnalala mchongoma, ubavu kwa ubavu, na kugeuka ni kwa amri: nyapara akisema geuza, wote mnageuka kama chapati, na asiyetaka anageuzwa. Wanaolala ukutani ni ishirini na wawili tu. Ukutani mtu unalala chali, unakunja goti, unaweza hata kulia bila jirani kujua. Mimi kutoka debeni mpaka ukutani ni mita tisa, nimezipima kwa hatua, na nimezitembea kwa miezi thelathini na mitatu. Hakuna aliyenibeba. Wewe unanijua, hata uraiani nilianza na nyundo ya kuazima.

Barua inaitwa gazeti, na gazeti ni la wote. Mwenye barua haisomi mwenyewe, maana ataficha habari mbaya au ataongeza nzuri. Anaisoma Spika, ambaye zamani alikuwa mnadi wa nguo za mitumba na sauti yake inafika jikoni. Baada ya kufungiwa saa kumi, tukishahesabiwa watano watano tukiwa tumechuchumaa, Spika anasimama anasoma, na watu wanasikiliza kama vile mke anayezungumzwa ni wao. Mke wa mmoja akijifungua, chumba kinabishania jina. Asiyepata gazeti wanamwita yatima wa serikali. Baada ya ile bahasha yako ya mwanzo, niliitwa hivyo mpaka mwaka wa pili.

Basi Jumanne hiyo afande alipitisha bahasha yako dirishani. Nilifurahi, Kaka, sikufichi. Spika alikohoa akaanza kwa mbwembwe, salamu, afya, na mdomo wake ukakimbia mbele ya akili yake mpaka akawa amesema kwa sauti ileile ya mnada kwamba Mama alifariki mwaka jana mwezi wa tano. Akarudia kwa sauti ndogo, kana kwamba anatafuta mahali alipokosea. Ya ufunguo hakuisoma, alinipa karatasi mkononi.

Hakuna aliyenipa pole. Hilo lilinishtua kuliko msiba, kwa kuwa humu hata mtu akifiwa na mbwa anapewa pole. Mzee mmoja tunamwita Kalenda, mwenye mvua thelathini ambaye ameshanyeshewa kumi na saba, aliuliza taratibu kwamba kama ni hivyo, ni nani basi aliyeulizia goti lake mwezi uliopita. Mwizi mmoja wa kuku akajibu kwamba marehemu ana mwandiko mzuri kuliko karani wa mahakama. Wachache wakacheka, wengine wakatukana, na nyapara akasema godoro langu libebwe. Nililala debeni siku hiyohiyo, na hapo ndipo ninapoandikia, nimeegemea ukuta usiokuwa wangu.

Kosa langu ni hili, na simsingizii mtu.

Barua za Mama nilikuwa naziandika mimi. Kumi na tisa. Ya kwanza niliiandika mwaka wa pili, kwenye karakana, kwa kalamu ya kupimia vyuma, siku nne baada ya nyapara kuniuliza mbele ya watu kama kweli nilizaliwa au niliokotwa. Niliibandua bahasha yako ile ya mwanzo kwa mvuke wa birika, nikaifunga upya, nikasema nimeitwa ofisini nikapewa. Bahasha hiyohiyo imenitumikia mara kumi na tisa na hakuna aliyeiuliza umri wake. Spika alisoma. Mama alisema kuku wametaga, paa linavuja upande wa jikoni, na kwamba wewe unamsaidia sana. Ndiyo, Kaka, nilikusifia. Watu wakapiga makofi, na mimi nikajiona mtu.

Baadaye ikawa kazi. Watu wakaanza kuniambia nikimjibu mama yangu nimpe salamu zao, na mama mwenye adabu lazima arudishe salamu. Nikamfanya awasalimie wezi, wapiga nondo, hata mmoja aliyechoma ghala. Nikamfanya amuulize Kalenda kuhusu goti, kwa kuwa Kalenda hajapata gazeti tangu mvua ya tatu. Hizo saba za mwisho, nimepiga hesabu, ziliandikwa Mama akiwa chini ya udongo. Mzee wa watu alikuwa anajuliwa hali na kaburi.

Kwa mujibu wa chumba, kulisha watu gazeti la uongo ni karibu sawa na kuchoma. Nyapara amenipa debe mpaka siku ya kutoka. Kalenda peke yake alikuja jana, akakaa chini akiwa ameziba pua, akaniambia kwamba mama aliyekufa akakumbuka goti la mtu ni bora kuliko kaka mzima aliyeshindwa na stempu. Nakuandikia maneno yake kama yalivyo, uyapokee kama yalivyo.

Lakini hiyo siyo sehemu inayoninyima usingizi. Wewe ulikuwepo mahakamani. Uliniona nikikiri kwamba geti la lile duka nililitengeneza mwenyewe, na kwamba usiku wa wizi nililifungua mwenyewe kwa kuwa nilijua kiungo gani nilikichomelea kwa haraka. Mwenye duka alikuwa mteja wangu wa miaka minane. Mama alijifunika uso kwa viganja vyake na hakuviondoa mpaka naondoka. Katika barua yangu ya saba nilimwomba msamaha, ukurasa mzima mbele na nyuma, sina nyingine niliyoiandika kwa uchungu ule. Na katika zile kumi na tisa nilizojiandikia, nilimfanya Mama aseme kila kitu, Kaka, isipokuwa kwamba amenisamehe. Nilijaribu mara tatu. Spika angeisoma vizuri, watu wangelia. Kalamu ilifika hapo ikagoma. Geti la mtu niliweza kulifungua, ile sentensi sikuweza.

Ndiyo maana nakuuliza wewe. Kama ulimsomea, hata ile ya saba peke yake, nieleze alisema nini, kwa maneno yake, hata kama ni matusi. Kama hakusema kitu, andika hakusema kitu. Na kama barua zangu zilikaa kwenye droo hazijafunguliwa, andika neno moja, sikumsomea. Usiniongezee kwamba ulikuwa na shughuli, wala kwamba uliona usimsumbue na yeye.

Natoka Jumatatu ya tarehe ishirini na mbili. Afande wa ustawi anafunga fomu za usafiri Alhamisi ya tarehe kumi na nane, saa sita mchana, na hati ya nauli inaandikwa mara moja tu, ina mji mmoja tu. Kuna mwenye karakana, mji mwingine kabisa, amekubali kunipokea kwa kazi ya mikono yangu bila kuuliza historia yangu. Ama naandika mji wake, ama naandika nyumbani. Ukinijibu ukweli, hata mbaya, nitaandika nyumbani, na mimi na wewe tutakwenda kaburini pamoja, nitachomelea uzio kwa viungo vilivyoshika. Usiponijibu, nitahesabu kuwa umenijibu.

Msalimie Shemeji, wabusu watoto, na huyo wa mwisho mwambie ana baba mdogo. Barua kutoka hapo huchukua siku nne. Leo ni tarehe tatu. Ulimsomea, au hukumsomea? Nalisubiri jibu mpaka Alhamisi hiyo, saa sita.

Ni mimi mdogo wako,
kitindamimba wa Mama