Kwa Neema, Uliyeniachia Gemu Kumi na Moja

Mke mwenzangu Neema,

Kutoka kwako Naguru mpaka kwangu Kansanga ni mbali kiasi gani? Niambie, maana labda wamekihamisha kilima na mimi sikusikia. Tangu Krismasi mvua imekuja na imekwenda, mahindi ya jirani yamevunwa na kuliwa, na mguu wako sijauona mlangoni. Mjukuu gani huyo? Hata mgonjwa wa miguu angekuwa amefika kwa kutambaa. Una bahati nakupenda, la sivyo kitanda chako ningekwisha kumpa mpangaji.

Haya, nimegomba. Sasa nipumue.

Barua hii naisema kwa mdomo, anayeiandika ni Mama Furaha, yule Mkongomani anayeshona nguo chumba cha pili. Mimi na kalamu hatujawahi kusalimiana, unajua. Nimemwambia asiitie kwenye bahasha. Aibandike ukutani kwake, wateja waisome wakingoja kupimwa, na aitume kwenye simu za watu wa kanisa, wote, hata wale nisiowapenda. Wewe ulidharauliwa mbele ya watu. Sifa zako haziwezi kuja kwa kunong'ona.

Unakumbuka chumba cha gemu? Siku hizi ni duka la mafuta ya nywele. Wanaopita pale hawajui kwamba palikuwa na televisheni tatu na mashine tatu za kijivu, na mlangoni ameketi mwanamke mmoja kutoka Busia, asiyejua a wala be, na fimbo mapajani. Watu walisema biashara ya gemu haimfai mjane. Nikawaambia mjane naye ana tumbo. Na hakuna mtoto aliyevuka kizingiti changu na yunifomu saa za masomo. Nilimshika sikio nikampeleka mwenyewe mpaka kwa mwalimu wake, na mwalimu akanisalimia kwa heshima.

Wewe ulikaa juu ya jerikani kando yangu, magoti yana vumbi, unatazama kila kitu. Ndiwe uliyenifundisha vitufe. "Nyanya, hii pembetatu, huu mraba, hili duara, huu msalaba." Ulikuwa darasa la kwanza na tayari una mwanafunzi wa miaka hamsini na kitu. Hizo ndizo herufi zangu. Wengine walianza na a, mimi nilianza na pembetatu, na sikuona kama nimepunjwa.

Ulikuwa na miaka tisa ile mashine ya katikati ilipogoma kusoma diski. Fundi alisema jicho lake limechoka, ninunue nyingine. Wateja wananung'unika, mmoja anataka arudishiwe pesa yake, mimi natafuta fimbo. Ukashuka kwenye jerikani, ukaishika ile mashine kwa mikono miwili, ukaipindua chini juu, ukaiweka mezani hivyo hivyo. Nilikupigia kelele.

"Ngoja, Nyanya," ukasema. "Jicho likichoka kutazama juu, litazame chini."

Ikasoma. Ikafanya kazi miaka miwili zaidi, imepinduka kama popo, na fundi akawa anapita kuitazama. Jioni ile nilizunguka na kikapu kitupu, nikijifanya natafuta nyanya za kununua, kumbe natafuta mtu wa kumwambia.

Kwa hiyo usifikiri nimeanza jana kujivuna kwa ajili yako. Kosa langu ni kwamba nilijivuna barabarani, na siku iliyotakiwa nijivune nyumbani nikanyamaza.

Asubuhi ya Krismasi ulikuja kabla ya wote na zawadi yako, kimashine kipana kama viganja viwili, kina kioo katikati na vitufe pembeni. Ukatoa lile kopo la biskuti lenye diski zangu kumi na moja, ukafungua ile kompyuta yako kuukuu iliyovunjika bawaba, ile unayoiacha kwangu, ukaanza kazi. Nikakuuliza diski kubwa hivi itaingiaje kwenye kidude kidogo hivi. Ukacheka.

"Diski haiingii, Nyanya. Kinachoingia ni kilichoandikwa juu yake. Halafu humu ndani kuna emuleta. Inajifanya ile mashine ya kijivu mpaka gemu yenyewe inadanganyika."

Nikasema mbona hata huyo mchungaji tuliyepewa mwaka jana ni emuleta. Ukacheka mpaka ukakaa chini. Hiyo ndiyo mara ya mwisho nilipokusikia ukicheka.

Maana mchana baba yako alifika na wageni, shemasi akiwemo, akakukuta unamalizia. Na baba yako ni mwanangu, namjua, akiwa na hadhira ulimi wake huota miguu. "Tulimpeleka chuo cha Mengo asomee uuguzi," akawaambia, sahani mkononi. "Ameacha. Wenzake wanachoma sindano, yeye anabonyeza gemu." Wakacheka. Shemasi naye akacheka.

Ukasema, "Ni kazi, Baba. Watu wananiletea mashine zao, nawatengenezea."

"Kazi ya kuchezesha watu wazima," akasema.

Ukaniwekea kimashine mapajani, ukachukua mkoba wako, ukaondoka hujala. Na mimi? Nilikuwa nakata kuku. Nikaendelea kukata kuku. Neema, nimezika mume, nimezika watoto wawili, nimepigana na askari wa kanjo, wale wa jiji, mara nne, lakini siku hiyo nilimwogopa mwanangu niliyemfunga nepi. Sijui kwa nini.

Sasa sikiliza nilichofanya, ucheke ukipenda.

Mwezi uliopita ndipo nilipokiwasha kimashine. Nikaona kila gemu imeandikwa mara mbili, picha ile ile juu na chini. Ya mpira mara mbili, ya magari mara mbili, zote hivyo. Mimi nimelinda diski miaka mingi, na unajua desturi ya chumba changu. Ukiona mbili za sura moja kwenye kopo, ujue kuna mjanja amechomeka nakala mbovu ili aondoke na nzuri. Nikasema wezi wameingia mpaka humu. Nikatafuta ile picha ya ndoo ya takataka, nikapita nazo, nafuta ya juu, naacha ya chini, mpaka kumi na moja zimekwisha. Nikajiona nimefagia nyumba.

Nikafungua ya mpira. Giza. Ya magari, giza. Zote giza.

Nikaenda nacho kwa kijana anayetengeneza simu pale barabara ya Ggaba. Akakigeuza mara mbili, akaniita nyanya kwa Kiganda, akasema, "Jajja, hii kitu imekufa. Nunua ingine." Nikamwambia kufa utakufa wewe, nikamnyang'anya.

Ningeweza kukupigia. Simu niliishika, jina lako nalijua kwa ile picha yako ya kofia. Lakini nikajiambia, mwanamke wewe, utampigia mtoto kumwomba msaada kabla hujamwomba radhi? Nikaiweka chini.

Basi nikakaa kitandani nikakukumbuka asubuhi ile, hatua kwa hatua, kama mtu anayekumbuka mapishi. Na hapo ndipo sikio langu lilipofunguka, maana ulikuwa umeniambia nikiwa nachambua mchele na sikukujali. Ulisema kila diski inazaa mapacha. Mmoja mkubwa, ndiye gemu yenyewe. Mwingine mdogo, kazi yake ni kuonyesha njia ya kufika kwa mwenzake. "Wasitenganishwe, Nyanya, na usiwabadilishe majina. Mdogo anamwita mkubwa kwa jina." Mimi nilikuwa nimewafuta wakubwa wote. Nimebaki na wadogo kumi na mmoja wanaita na hakuna wa kuitika.

Nikafungua kompyuta yako. Nikaifuta diski kwa kitambaa laini, kutoka katikati kwenda ukingoni, si kwa kuzungusha, kama ulivyofanya. Nikaitia. Nikabonyeza ile picha ya diski yenye mshale unaokwenda kwenye karatasi. Nikangoja mpaka ikalia. Mapacha wakatoka. Nikatoa diski, nikatia nyingine. Siku tatu, Neema. Ya mieleka ilikataa, ina mkwaruzo, nikaipaka dawa ya meno kama zamani na bado ikakataa. Kumi zikakubali.

Kazi ikawa kuzipeleka kwenye kadi, kile kipande kidogo kama ukucha kinachochomolewa kwenye kimashine na kubeba gemu zote. Kule ndani kuna vyumba vingi vyenye majina, na gemu ikilala chumba kisicho chake haionekani. Nilikitambua chake kwa maumbo ya jina lake. Fimbo yenye tumbo, halafu nyoka, halafu msalaba. Huo msalaba nikaupigia makofi, maana tunajuana. Nikawaburuta mapacha kwa kidole mmoja mmoja mpaka kidole kikafa ganzi. Nikarudisha kadi kwenye kimashine, nikawasha, nikachagua ya mpira.

Kikalia ule mlio wa mashine za kijivu zikiamka. Mama Furaha alikuja mbio na sindano mdomoni akidhani nimepata habari ya msiba. Nilikuwa nimesimama katikati ya chumba nalia, na namwambia, "Nimeiweka mimi. Kichwa hiki kisicho na shule."

Hapo ndipo nikaelewa unachofanya. Si kucheza. Kile kilichonimaliza mgongo siku tatu, wewe unakifanya kila siku kwa mashine za watu usiowajua, na zako zina matatizo ambayo mimi sijui hata kuyaota. Una subira ya mkunga. Una macho. Hukuacha kazi ya kutibu, umebadilisha mgonjwa tu.

Jumapili iliyopita nilimwita baba yako, na shemasi pia, kwa sababu alicheka. Sikuwapa chai. Nikampa baba yako kadi tupu, kompyuta na lile kopo. "Weka gemu moja humo," nikamwambia. "Wewe una cheti ukutani."

Alivua koti. Alitia diski kichwa chini, akaitoa. Alibonyeza, akauliza, akabonyeza. Jasho likamtoka. Shemasi akamshauri azime awashe. Mwishowe akasema, "Mama, hii kitu inataka nini?"

"Inamtaka Neema," nikasema.

Kisha nikamwambia lile nililopaswa kusema nikiwa na kisu mkononi siku ya Krismasi. Kwamba huyo mtoto ni fundi, na nyumba hii haitamcheka fundi tena, na anayetaka kucheka akacheke kwake. Shemasi akaanza kutafuta kofia yake. Baba yako alibaki ameketi, anaigeuza ile kadi vidoleni, mpaka tukabaki wawili. Akaniuliza bila kunitazama, "Mama, huyu mtoto siku hizi anakula wapi?"

Nikamwambia akuulize mwenyewe. Sijui unakula wapi, na swali hilo si langu kulibeba.

Neema, nisamehe kwa kunyamaza. Nimekwisha sema, na Mama Furaha ameandika, na Kansanga nzima itasoma. Najivunia wewe kuliko nilivyowahi kujivunia kitu nilichokinunua, nilichokizaa au nilichokizika. Kama bado una uchungu, kuwa nao, ni wako, lakini njoo nao hapa, si lazima uubebe peke yako kule kilimani.

Njoo Jumapili hii baada ya ibada. Usipite mlango wa jikoni, pita wa mbele, wakati wote wamekaa. Msalimie baba yako kwa sauti, usiangalie chini. Atakuuliza unakula wapi. Usimwambie uko sawa. Mwambie ukweli, halafu unawe mikono ukae karibu naye.

Mimi nyanya yako, mke mkubwa.