Malaria ya Kila Jumamosi

Kiabakari, Butiama
14 Agosti 2024

Mpendwa kaka Abednego,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Hali yako huko Mtwara, na kile kifua kilichokusumbua? Wifi Mary hajambo? Sisi wazima, mihogo imekauka vizuri, na nina habari inayotaka kunitoka kabla sijamaliza kusalimia.

Mwanao Nyangi hafukuzwi tena shule.

Unakumbuka majaribio ya kidato cha nne yalivyowekwa Jumamosi, na walimu wakasema akikosa mara ya nne aondoke na begi lake. Wewe ulimwambia kwa simu afanye tu, yaishe. Alilia, hakufanya. Mimi nilibaki Mkatoliki ulipoingia Usabato ujanani, Sabato yenu siijui vizuri, ila machozi ya mtoto nayajua. Nikamwandikia mwalimu kwamba ana malaria. Wiki ya pili malaria, ya tatu malaria. Nilijiona nina akili sana.

Ijumaa iliyopita wakatuita kikao, wazazi pamoja na wanafunzi. Mkuu wa shule akasoma barua zangu zote tatu, kisha akauliza ni malaria gani inayofuata kalenda. Watu wakacheka. Nilitamani ardhi inimeze. Nyangi akanyoosha mkono, akasimama.

"Mwalimu, mimi siumwagi Jumamosi. Nakuwaga kanisani. Shangazi aliandika vile kwa kunihurumia. Naomba nifanye jaribio siku nyingine, hata likiwa gumu zaidi."

Mzee Burito wa bodi ya shule akasema hii ni shule ya serikali, na serikali haina dini, wenye dini ni watoto wetu. Mkuu akapendekeza Ijumaa mchana. Hapo binti mmoja wa Kiislamu naye akanyoosha mkono, akasema saa hizo wao wako msikitini. Mkuu akacheka mwenyewe, akaandika ubaoni Jumatano, kwa wote.

Leo ndiyo Jumatano ya kwanza. Amerudi na wino vidoleni, anaimba jikoni. Nimefurahi mpaka nimeunguza dagaa.

Ila kaka, anaogopa umechukia kwa kuwa hakukutii. Nikamwambia ambalo hujamwambia, kwamba wewe ulirudishwa nyumbani kidato cha pili kwa Jumamosi hizi hizi, na darasani hukurudi tena. Nisamehe. Akaniuliza kama hakukuwa na mtu wa kukusemea. Nilikuwepo, kaka. Nilikuwa kidato cha kwanza, nilikuona unapita na sanduku lako, nikakaa kimya.

Wanangu Gasper na Hyasinta wanakusalimu, na mtoto wako mwenyewe. Mungu akulinde huko uliko na akuponye kifua.

Ukimaliza kusoma, mpigie. Mwambie yale uliyotaka kuambiwa wewe siku ile.

Dada yako, akupendaye kuliko alivyowahi kusema,
Helena