Kilio Kisicho Changu

Jumanne, 3 Juni 1997

Nimesafisha ghorofa saba za ofisi karibu na stesheni ya Gare du Nord, kama kila asubuhi. Vyoo vichafu kuliko jana. Mchana nikaenda mtaa wa Ixelles kujaribiwa uigizaji kwa filamu ya vita vya kwetu Kivu. Mwongozaji, Mbelgiji mpole, aliniuliza nimepoteza nani. Nikasema mtoto. Sijawahi kuzaa. Mtoto huyo, Trésor, alikuwa wa mdogo wangu Nabintu. Alikufa kwa homa njiani mwaka jana, walipokimbia Bukavu. Miaka miwili tu. Mimi nilikuwa hapa, nakunywa chai.

Nafasi nimepewa palepale.

Ijumaa, 13 Juni

Msitu wa Auderghem, hapa hapa mjini, ndio Kongo yetu ya filamu. Kitenge, miguu peku, baridi, eti Juni. Mwongozaji akasema nilie kama tunavyolia kwetu. Bon, haya. Nikajitupa chini nikaita Trésor, Trésor. Jina lake la kweli, halikuandikwa popote kwenye karatasi zao. Wakanipigia makofi. Nikafurahi. Aibu yangu ni hiyo hasa, kwamba nilifurahi.

Jumapili, 15 Juni

Maman Odette wa kanisani aliigiza bibi kizee pembeni yangu. Ameeneza habari kwamba nimefiwa na mtoto. Baada ya misa wamama wakaja kwangu na sufuria za pondu, kisamvu cha kwetu. Wakashusha godoro sebuleni, wakanikalisha, wakaimba nyimbo za matanga. Mimi mfiwa. Ningeweza kusema kweli. Nikala.

Alhamisi, 19 Juni

Nabintu kapiga simu kutoka Nairobi. Viza imetoka, anafika kesho kutwa. Anacheka kwenye simu. Lazima nimwambie kabla hajafika kanisani. Lazima.

Jumamosi, 21 Juni

Amekonda. Mkobani ana sweta ya Trésor, ile niliyoituma kutoka hapa. Akanionyesha. Sikusema. Nikampikia samaki, nikamtandikia kitanda changu. Mwoga mimi.

Jumapili, 22 Juni

Mlangoni mwa kanisa Maman Odette akamkumbatia Nabintu. "Pole, maman. Pole kwa mutoto wa dada yako."

Nabintu akanigeukia. "Mutoto gani?"

Nikasema yote hapo hapo, mbele ya wamama. Maman Odette akaiachia mikono ya mdogo wangu, akaingia ndani. Nabintu akatangulia kwenye basi, nami nikakaa kiti cha nyuma yake.

Nyumbani, baada ya saa nzima, akaniuliza kama nililia kwa jina la Trésor. Nikasema ndiyo.

"Miye sikumulilia," akasema. "Tulikuwa tunakimbia. Nilimufunika na majani, tukaendelea."

Jumatatu, 23 Juni

Nimempigia mwongozaji, nikamwambia yule mtoto si wangu, jina waliondoe. Akasema sauti wataikata, hakuna shida. Halafu akanisifu, akaniuliza kama niko huru mwezi wa kumi, kuna filamu nyingine, mama mwingine. Nikakata simu. Alors, basi, uigizaji wangu umekwisha. Siku kumi tu.

Jumamosi, 28 Juni

Wamama wamekuja tena. Nilipita kwao mimi mwenyewe kuwaomba, mmoja mmoja, nao hawakunikaribisha kiti. Lakini wamekuja. Godoro lilelile, sebule ileile. Nabintu katikati, sweta mapajani. Kisha akaita jina, polepole, halafu kwa sauti yote aliyokuwa nayo.

Mimi nilikuwa jikoni naosha vikombe. Sikulia. Maman Odette akaingia kutafuta sukari. Nikamwonyesha ilipo.