Nimempangisha Mtaliani Nyumba ya Bibi Harusi

Mpendwa mshauri, naomba msaada kabla ya Alhamisi, maana siku hiyo shangazi zake bwana harusi wanashuka kutoka kisiwa cha Chula na mimi sina pa kumwingiza kijana wao.

Mimi ni Gharibu, wa hapa Kismayu, na binti yangu Arafa anaolewa na Ishaq, fundi wa mashua, na kwetu, kama ujuavyo, mume ndiye aingiaye nyumbani kwa mke, kwa hiyo mke wangu Mashavu alimjengea mwanawe nyumba ndogo inayotazama bahari, ikapakwa chokaa, ikatiwa kitanda, nami ulipoanza msimu wa Wataliani wa bara kuja kuogelea nikaona nyumba imekaa bure, nikampangisha karani wao mmoja kwa mwezi mmoja, mwezi ukawa miwili, kila nikienda kumwambia atoke ananiongeza kodi kabla sijafungua mdomo, na mdomo wangu, mshauri, hufunguka polepole. Sasa amelipa hadi mwisho wa mwezi ujao, kaptura zake za kuogelea anazianika kwenye zidaka za ukutani tulipopanga sahani za bibi harusi, na kumtoa naogopa nisije nikaitwa ofisini kwao serikalini.

Nimezunguka mtaa mzima kutafuta hata chumba, lakini tangu nilipojisifu barazani jinsi nilivyopangisha, kila mtu amepandisha bei, na jirani yangu Bi Shamsa anataka kwa banda la kuku kodi ile ile ninayomtoza Mtaliani. Nikamuuliza, "Bibi, na kuku watakwenda wapi?" Akanijibu, "Watalala kwangu. Wao ni wenyeji."

Ishaq amesema, kwa upole wa kutisha, kwamba basi atamchukua mke wake Chula. Mashavu hasemi nami tena, anasema na paka: "Mwambie mwenye nyumba chai imepoa." Je, niahirishe harusi hadi Mtaliani achoke na bahari?

Gharibu

*

Bwana Gharibu, pole. Pole hiyo ni ya Arafa, mfikishie.

Mtu wa bara hachoki na bahari, kwa hiyo la kuahirisha lisahau. Nyumba aliijenga Mashavu, ni ya bintiye, wewe ulishika ufunguo tu, ukalewa.

Leo hii nenda kwa karani. Usimfukuze, amelipa. Mwambie nyumba unayolala wewe ni kubwa zaidi, ina upepo pande zote mbili, ahamie huko kwa kodi aliyokwisha kutoa. Mwambie pia, kwa adabu, kwamba akikataa, shangazi wa Chula wataingia na vigoma vyao hapo hapo alipo, siku saba za fungate, kuanzia alasiri. Aliyekuja kupumzika ataomba mwenyewe abebewe sanduku.

Kodi yote mpe Arafa. Mashavu akae na mwanawe, bibi harusi anamhitaji mamake. Wewe siku hizo hakuna akuhitajiye, na kwako kutakuwa na mpangaji hadi mwisho wa mwezi ujao.

Kwa hiyo nenda kwa Bi Shamsa, ukapange lile banda. Wala usimwombe akupunguzie. Bei hiyo uliianzisha mwenyewe barazani.

Bi Hafswa