Firigisi ya Baba Emmaculate

Chwele, Bungoma

Kwa ndugu yangu Wakhisi,

Pokea salamu nyingi kutoka huku Chwele. Natumaini wewe, shemeji na watoto hamjambo hapo Bondo, na kwamba mgongo wako umepata nafuu. Mimi mwili ni mzima, na mahindi yamebeba vizuri.

Wiki jana nilikuwa Kisumu. Tangu mke wangu Nabututu afariki, binti yangu Emmaculate haji nyumbani, basi nikaamua kumshtukiza na jogoo mwekundu mkononi. Huko Migosi anakoishi, askari wa lango alidai kitambulisho changu, kisha akamtazama jogoo kana kwamba naye anadaiwa chake. Emmaculate akamfungia jogoo bafuni. Asubuhi nilioga huku jogoo ananikodolea macho. Maji yakanishukia kutoka juu, ya moto kama uji, nikatoka mbio na povu. Ungekuwepo ungecheka.

Jumapili wakaja wageni: kijana aitwaye Kiragu na mama yake, Gakenia, mwenye duka mjini. Kabla hawajaingia, Emmaculate alinivuta jikoni akaniomba kwa machozi ninyamaze, ataeleza baadaye. Akawaambia mimi ni mzee jirani kutoka nyumbani. Nikawapa mkono kama jirani.

Jogoo alipoandaliwa nikangoja firigisi, kama baba yeyote wa kwetu. Gakenia akasema, kwa heshima kabisa, kwamba amejifunza mila zetu: firigisi ni ya baba mwenye binti, basi iwekwe mpaka Baba Emmaculate atakapokuja. Akanionyesha picha kwenye simu yake, ya siku walipopeleka mahari kwake huko Bondo. Nikala shingo.

Ndugu yangu, ulipendeza kwenye picha hiyo. Wakwe wamekufunika blanketi, na ndani umevaa koti langu, lile uliloazima Machi ukisema unakwenda mazishini. Wageni walipoondoka, Emmaculate alikiri kwamba ushauri wa wewe kusimama kama baba yake ulikuwa wako: baba asiyejua Kiingereza angemwaibisha. Yeye ameniumiza, lakini ni mtoto. Wewe na mimi tumenyonya titi moja. Umenisaliti, Wakhisi, na uchungu huu sijui niuweke wapi.

Harusi ni Desemba. Nirudishie koti kabla ya hapo, likiwa limefuliwa. Nitalivaa, nitakuja, na atakayeniuliza mimi ni nani nitamjibu kwa Kiswahili changu hiki.

Wasalimie watoto wako. Wao hawana kosa.

Ni mimi kaka yako,
Wakhungu,
baba yake Emmaculate.