Pesa Iliyoachwa Chini ya Kisahani

MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: limeandikwa katika jalada. Kazini huitwa Mama Sinia.
Umri: miaka 43
Kazi: mhudumu mkuu, mkahawa unaotazamana na stesheni ya treni
Makazi: ghorofa ya pili, nyumba ya fundi viatu, mtaa wa nyuma ya stesheni
Muda wa kuanza kuandika: saa tisa na dakika kumi alasiri

Natoa maelezo haya nikiwa na akili zangu timamu. Sikuitwa, nimekuja kwa miguu yangu. Afande wa mapokezi aliniambia ningoje zamu, nami nimengoja dakika hamsini kwenye benchi.

Mtuhumiwa aliyelazwa hospitalini chini ya ulinzi ni shemeji yangu, mdogo wake mume wangu. Ana miaka ishirini na sita. Mume wangu si mzaliwa wa nchi hii. Alikuja kufanya kazi za ujenzi, tukaoana, na huu ni mwaka wa kumi na mbili. Mdogo wake alimfuata miezi miwili iliyopita. Mimi ndiye niliyemwombea kazi kwa mwenye mkahawa. Nilimwambia, huyu niachie mimi, nitamsimamia.

Afande ameniuliza bakshishi inaingiaje katika kesi ya unyang'anyi. Naeleza.

Katika nchi ya mume wangu hakuna bakshishi. Hilo nalijua tangu tukiwa wachumba, siku nilipomwachia kinyozi wake chenji, naye akaipokonya chenji ile mkononi mwa kinyozi na kumwomba radhi yule mtu kana kwamba nimemtukana. Kwao, ukimwongezea mtu pesa juu ya malipo yake, umemwambia kwamba ni ombaomba. Hapa kwetu mambo ni nusu kwa nusu. Anayetaka anaacha, asiyetaka anasema asante na kwenda zake. Lakini wageni wengi wanaoshuka kwenye treni wametoka nchi ambako kuondoka bila kuacha kitu ndilo tusi. Hao huacha hata kama chai ilikuja imepoa.

Shemeji hakuyajua hayo. Mimi niliyajua yote matatu.

Wiki yake ya kwanza kazini alikuta noti chini ya kisahani, akaja nayo kwangu akiwa ameishika kwa ncha za vidole. Akauliza, "Shemeji, hii ni ya nani?" Mkahawa ulikuwa umejaa na mimi nina sinia mikono yote miwili. Nilimjibu, "Wamesahau. Niwekee mimi, wakirudi nitawapa."

Naomba hilo liandikwe kama nilivyolisema. Siku hiyo sikuwa na njaa. Sikuwa na mgonjwa nyumbani wala mtoto aliyefukuzwa shule. Nilisema tu, na kesho yake akaniletea nyingine. Kwa miezi miwili kila alichokikuta mezani alinikabidhi, nami nilitia mfukoni mwa aproni, na jioni nilikuwa namgawia mpishi kidogo ili anyamaze. Wenzangu walijua. Walimbandika jina la Siyangu, kwa kuwa ndilo neno alilokuwa akilisema kila akiona kitu mezani. Mpishi alikuwa akisema kuku mgeni hakosi kamba mguuni, na sote tunacheka. Nilicheka nao. Kuna siku shemeji aliniuliza kwa nini wasafiri husahau sana. Nikamwambia safari huchosha akili. Akasema maskini, huko waendako watakula nini.

Leo, Alhamisi, mnamo saa sita kamili mchana, aliingia mgeni mwanamke wa makamo, koti la kijivu, sanduku la magurudumu. Alikaa meza ya dirishani, akala, akalipa kaunta. Mimi nilikuwa stoo, nyuma ya jiko, napokea trei za mayai. Kwa hiyo yanayofuata nimeyapata kwa mtunza fedha, ambaye amekubali kuja kusema mwenyewe. Shemeji alikwenda kufuta meza akaona noti chini ya kisahani. Alinitafuta kwa macho, hakuniona. Kupitia dirishani alimwona mgeni bado yuko barabarani, anavuta sanduku. Akasema, "Huyu hajafika mbali. Leo nitampa mwenyewe." Akatoka mbio. Mtunza fedha hakumzuia. Anasema alidhani kitakuwa kichekesho cha jioni.

Mgeni aligeuka akaona kijana mrefu anamkimbilia huku akipaza sauti kwa lugha asiyoijua. Akakumbatia mkoba wake, akaacha sanduku, akakimbia. Shemeji naye akazidisha mbio, maana kwake huyo ni mtu anayekwenda safari bila pesa yake. Mbele ya maduka ya vitambaa mtu mmoja akapiga ukelele wa mwizi.

Ukelele huo niliusikia nikiwa stoo. Nilisema moyoni, afadhali wamempata, nikaendelea kuhesabu mayai. Nilifika trei ya tisa ndipo mtunza fedha akaja mlangoni. Alinivuta mkono.

Nilifika pale saa sita na dakika arobaini. Watu walikuwa wamezunguka duara. Muuza mikanda alikuwa anapiga kwa mkanda, upande wa bizimu ya chuma. Wengine walitumia miguu, na mmoja wao namjua, huwa anakuja kunywa chai kwetu kila asubuhi. Nilipiga kelele kwamba huyu ni mhudumu, ni shemeji yangu, nikajilaza juu yake. Mtu mmoja akaniambia kwa upole kabisa, "Mama, ondoka. Noti anayo mkononi."

Alikuwa nayo kweli. Ngumi yake ilikuwa imefungwa na noti imo ndani, na mtu alikuwa ameikanyaga ngumi hiyo ili ifunguke, haikufunguka. Angeiachia pale mwanzo, huenda wangeigombania wakamsahau. Hakuiachia kwa sababu si yake.

Askari wawili wa doria walikuja wakatawanya watu. Mgeni aliulizwa kwa ishara kama huyu ndiye, akatikisa kichwa kukubali huku analia. Alikuwa na tiketi, ikabidi awahi treni. Shemeji alipakiwa kwenye gari. Nilijaribu kueleza, askari akaniambia mwenye pesa ndiye wa kusema, si wewe.

Ndipo nikakimbilia stesheni. Treni ilikuwa ya saa saba na nusu, na nilimpata mgeni saa saba na robo, behewa la nne, dirishani. Sijui lugha yake hata neno. Niliweka kiganja kama kisahani, nikaonyesha noti inaingia chini yake. Nikaonyesha mtu anakimbia. Nikaunganisha mikono kama mtu aliyefungwa pingu. Nilipiga magoti kwenye sakafu ya stesheni, watu wananitazama, nikamsihi ashuke. Aliniangalia sana, machozi yakamtoka tena. Nikadhani amenielewa. Akafungua mkoba, akatoa noti kubwa kuliko ile ya kwanza, akaiweka kiganjani mwangu na kunifunga vidole kwa mikono yake miwili. Treni ikaondoka. Sijui kama alinihurumia, au alidhani ndivyo tunavyodai huku kwetu.

Hospitalini nilifika saa nane kasoro dakika kumi. Mlinzi wake, askari kijana, aliniruhusu dakika tano. Shemeji amefungwa pingu kwenye chuma cha kitanda, mkono wa kushoto, kwa kuwa wa kulia hauna tena umbo la kufungika. Jicho moja limefumba. Daktari alisema damu inavujia ndani, wanaandaa chumba cha upasuaji. Nilitaka kumwambia ukweli wangu wote. Nilikuwa nimeshaupanga njiani, neno kwa neno. Yeye akaniwahi. Sauti yake ilikuwa ndogo, niliinama.

"Shemeji, yule mama alipata pesa yake?"

Nikamwambia, "Alipata."

Noti ya mgeni ilikuwa mfukoni mwa aproni yangu. Akafumba jicho lililobaki, uso ukalegea kama mtu aliyetua mzigo. Wakamsukuma na kitanda kwenda kwenye upasuaji, na ukweli wangu nikabaki nao.

Mume wangu yuko kazini, juu ya jengo, hajui. Sijui nitamwambia nini kuhusu mtoto wa mama yake niliyekabidhiwa. Wanasema mchuma janga hula na wa kwao, lakini mimi nimelichuma na anayelila ni yeye peke yake. Nimeikabidhi noti kwa afande. Kama kuna mtu alichukua pesa isiyo yake katika mkahawa ule, ni mimi, kwa miezi miwili. Nifungulieni mimi jalada, na yeye atolewe ile pingu kabla hajazinduka kutoka kwenye upasuaji. Ninachoomba ni hicho tu.

Nimeyasema haya mwenyewe, nimesomewa, na ndivyo ilivyokuwa.

Sahihi ya shahidi: (ameweka sahihi)

MAELEZO YA OFISA MWANDISHI

Nilimsomea shahidi maelezo yake yote. Nilimtahadharisha kwamba sehemu ya pesa za mezani inaweza kutumika dhidi yake, nikamuuliza kama anataka iondolewe. Alikataa. Noti aliyoileta imepokewa na kuandikishwa.

Saa kumi na dakika ishirini nilizungumza na mgeni kwa simu ya mkuu wa treni, kwa msaada wa abiria mmoja aliyejua lugha yake. Alithibitisha kwamba pesa ile aliiacha mezani kwa hiari yake, iwe ya mhudumu. Aliuliza mara tatu kijana alitaka nini kwake. Mkuu wa kituo chetu aliamuru mtuhumiwa aachiwe, na nilipiga simu hospitalini ili pingu ifunguliwe.

Askari wa zamu alijibu kwamba pingu ilikwisha kufunguliwa kwa agizo la daktari saa kumi kamili, kijana alipofunikwa shuka usoni, kwa kuwa haikuhitajika tena. Shahidi alikuwa bado amekaa mbele ya meza yangu. Aliniomba nimsomee tena mahali mgeni aliposema pesa ilikuwa ya mhudumu.