Rudisha Wimbo, Miraji

Nakuru, 7 Machi 1956

Dada Khamisa,

Asalaam aleikum. Sisi tu wazima, ila goti la Mama linamsumbua. Shemeji na mtoto hawajambo huko Gilgil?

Dada, Miraji ameleta posa. Ndiye anayeendesha mashine ya sinema hapa mjini. Mama kafoka: "Kijana anayeuza mapenzi kwa tiketi!" Mshenga atapewa jibu mwisho wa mwezi, na jibu lenyewe nalijua.

Jumatano, kwenye onyesho la wanawake peke yao, wimbo wa mapenzi ukiisha tunagonga viti tukipiga kelele, "Rudisha!" Naye hurudisha. Kihindi sijui hata neno, lakini sauti ile husema yale ninayoyaficha moyoni. Mimi na Miraji hatujawahi kuvuka salamu, ila nikigonga kiti najua ananisikia.

Njoo uzungumze na Mama.

Mdogo wako,
Kuluthum

Gilgil, 12 Machi

Mdogo wangu,

Waaleikum salaam. Shemeji yako mzima. Mtoto anaota meno, hatulali, kuja siwezi. Poleni na goti.

Mama hajawahi kuingia sinema hata siku moja. Anakataa asichokijua. Mpeleke akasikie mwenyewe. Na kama unalia jikoni, acha, mchuzi utazidi chumvi.

Dada yako,
Khamisa

Nakuru, 22 Machi

Dada yangu,

Salamu tele kwenu nyote. Mtoto kaota meno mangapi? Huku goti halitajwi tena.

Jana Mama alikuja. Alijifunika buibui hadi machoni. "Nimekuja kuuona ubaya wenyewe," akasema. Wimbo ukaanza: mume anamuaga mkewe stesheni. Nikahisi bega la Mama linatetemeka. Ulipoisha, kabla hatujagusa viti, Mama alishasimama.

"Rudisha, wewe kijana!"

Miraji akarudisha. Mara tatu, dada! Bi Kinsi akalalamika nyuma yetu, "Mama Khamisa, keti basi, nasi tumelipa!"

Njiani Mama akasema, "Baba yenu, Mungu amrehemu, alisafiri na reli miaka kumi na minne. Hakuniaga hata mara moja. Alidhani kuaga ni nuksi."

Nikamshika mkono.

Tulipofika mlangoni akacheka peke yake. "Nimemwamuru mara tatu, katii mara tatu. Mkwe kama huyo nitampata wapi tena?"

Mshenga amechukua jibu leo asubuhi. Chai yake nilipika mimi, nikasahau kutia majani. Akainywa yote.

Mdogo wako,
Kuluthum